Mahakama Itajuaje Kwamba Ulijua?

Hotuba ya wakili wa kujitegemea kwa wamiliki wa mitumbwi, mafundi simu na wanunuzi wa vitu vilivyotumika, Mwaloni Kirumba, Mwanza, katika Wiki ya Sheria

Mwangaluka, wazee wangu. Mwangaluka, akina mama wa dagaa. Mwenyekiti wa BMU, yaani kikundi cha usimamizi wa mwalo, viongozi wa soko, vijana wa simu mliotoka Makoroboi na ninyi wa vyuma chakavu wa Igoma, ahsanteni kwa kuja. Najua kila mmoja ameacha kazi yake, kwa hiyo sitazunguka sana.

Nilipoombwa nizungumzie mali ya wizi niliuliza kama wasikilizaji watakuwa wezi. Mwenyekiti akacheka, akasema wezi hawaji mikutanoni, zungumza na wanunuzi. Alisema kweli kuliko alivyodhani. Mwizi wa mashine ya boti hana shida na mashine ya boti. Shida yake ni pesa, na pesa anayo mmoja wetu hapa.

Kwa miaka mingi nilisimama mahakamani kwa niaba ya Jamhuri nikiendesha mashtaka. Sasa nawatetea watu wa aina ileile niliokuwa nawashtaki. Katika kesi hizi kuna maneno mawili ambayo sijawahi kuyakosa. La kwanza hulisema mshtakiwa: "Mheshimiwa, mimi sikujua." La pili husemwa na jamaa zake nje kwenye benchi: "Si amekutwa nayo? Basi, kwisha habari yake." Huyu anadhani kutojua kunasemwa tu kwa mdomo, wale wanadhani kukutwa na kitu ni sawa na kufungwa. Sheria haisemi hivyo kwa yeyote kati yao.

Tutengeneze mtu wa kufikirika, tumwite Masanja. Ana mitumbwi miwili ya sangara, ni tajiri wa kawaida, analipa mabaharia wake vizuri. Usiku mmoja, saa nne, kijana asiyemfahamu anatia nanga na mashine ya Yamaha ya HP 15. Anasema baba yake kule kisiwani ni mgonjwa, wanahitaji pesa ya hospitali. Anataka laki sita. Mashine hiyo dukani inauzwa mamilioni, hata iliyotumika haifiki chini hivyo. Masanja anahesabu, anapewa mashine, kijana anaondoka. Wiki mbili baadaye polisi wanafika na mtu wa Ukerewe anayesema mashine ile ni yake, alinyang'anywa majini na watu wenye mapanga.

Sasa tuanze na lililo zito. Masanja anaweza asishtakiwe kwa kununua. Anaweza kushtakiwa kwa unyang'anyi wa kutumia silaha. Naona wengine mnatikisa kichwa. Ndiyo. Kosa hilo lipo kifungu cha 287A cha Kanuni ya Adhabu, kifungo chake hakishuki chini ya miaka 30, na likiwa mahakamani halina dhamana. Mtu ambaye hakuwahi kushika panga analala gereza la Butimba kwa sababu ya laki sita.

Inawezekanaje? Kwa kanuni moja ya ushahidi: ukikutwa na mali iliyoibwa muda mfupi uliopita, mahakama inaweza kukuchukulia kwamba wewe ndiwe uliyeiiba, au uliipokea ukijua imeibwa, mpaka utoe maelezo. Kanuni hii ni ya zamani. Tanganyika ilitumia Sheria ya Ushahidi ya India ya 1872 mpaka tulipotunga yetu mwaka 1967, na ile ya India ilitaja mfano huohuo waziwazi, wa mtu anayekutwa na mali muda mfupi baada ya wizi. Yetu inampa hakimu nafasi hiyo katika kifungu cha 122: anaruhusiwa kuhitimisha jambo kwa kutazama mwenendo wa kawaida wa watu na biashara. (Namba ninazotaja ni za Toleo la 2022 la sheria zetu; katika Toleo la 2023, lililoanza kutumika 2025, baadhi zimebadilika.) Watu wa kawaida hawauzi mashine usiku kwa bei ya kutupa, na hakimu naye anaishi Mwanza, anajua hilo.

Lakini msikimbie. Mlango huo una makomeo manne, na upande wa mashtaka ndio wenye jukumu la kuyafungua yote. Mahakama ya Rufani iliyataja vizuri katika Rufaa ya Jinai Na. 94 ya 2007. Majina ya warufani siyataji. Watu hawa wana ndugu na watoto. Kwanza, ithibitike kwamba mali ilikutwa kwa mshtakiwa. Pili, kwamba ni ya mlalamikaji kwa hakika. Tatu, kwamba iliibwa kwake karibuni. Nne, kwamba mali hiyohiyo ndiyo inayozungumziwa kwenye hati ya mashtaka. Komeo moja likigoma, kanuni haifanyi kazi.

Komeo la kwanza hudharauliwa sana. Kukutwa na kitu si kwamba kilikuwa karibu yako. Hukumu ya mwaka 1987 ya mahakama hiyohiyo inataka ithibitike kwamba ulijua kitu kipo na kilikuwa chini ya mamlaka yako, au kwamba kililetwa hata kama hukuwepo, lakini kwa mwaliko wako na mpango wako. Mashine ikikutwa kambini ambako wanalala mabaharia kumi na wanne, na stoo haina kufuli, tajiri wa kambi bado hajakutwa na chochote. Hapo polisi wana kazi ya kufanya.

La pili ndilo linaloangusha kesi nyingi, na hapa nawasemea wenye mali. Mtu anafika mahakamani, anaulizwa, utaitambuaje mashine yako? Anajibu: ni Yamaha, rangi ya kijivu, HP 15. Mheshimiwa hakimu anatazama nje ya dirisha. Ziwa zima limejaa Yamaha za kijivu za HP 15! Mahakama ya Rufani ilishasema, katika Rufaa ya Jinai Na. 12 ya 1997, kwamba maelezo ya jumla hayatoshi katika shauri la jinai, mlalamikaji lazima aitambue mali yake pasipo kuacha mashaka. Na hukumu za baadaye zikaongeza kwamba alama hizo uzitaje kabla hujaonyeshwa kitu chenyewe. Ukishaonyeshwa, kila mtu anaweza kusoma mkwaruzo ulipo.

Kwa hiyo wenye mashine, nendeni leo mkaangalie bamba la namba. Mashine ya boti huwa na kibamba chenye namba ya mfululizo pale kwenye mabano inapofungwa kwenye mtumbwi. Piga picha. Andika namba kwenye daftari linalobaki nyumbani, si lile linalopanda mtumbwini. Kisha weka alama ya siri mahali ambapo mwizi hatazami: ndani ya kifuniko, chini ya mpini, chimba herufi mbili za jina la mama yako. Siku ukiripoti polisi, zitaje hizo zote kwenye maelezo ya kwanza. Ripoti inayosema "nimeibiwa mashine moja" ni zawadi kwa wakili wa utetezi, na mimi siku hizi ndiye wakili wa utetezi, kwa hiyo nawaambia siri ya duka.

Karibuni ni lini? Hakuna sheria iliyotaja siku. Mahakama ya Rufani ya Kenya, ikikaa Kisumu, huko ng'ambo ya ziwa hilihili, ilieleza mwaka 2006 kwamba inategemea kitu kinavyohama kwa urahisi kutoka mkono kwenda mkono. Simu inaweza kupita kwa watu watano kabla ya jioni, kwa hiyo mwezi mmoja kwa simu ni muda mrefu. Gari au mashine kubwa haisafiri hivyo. Noti ya elfu kumi, sijui nani angeweza kuapa ilikuwa kwa nani juzi.

Tufike sasa kwenye moyo wa jambo. Tuseme Jamhuri haikumshtaki Masanja kwa unyang'anyi, imemshtaki kwa kupokea mali ya wizi, kifungu cha 311. Kosa hili linamkamata anayepokea au anayebaki na mali, akijua au akiwa na sababu ya kuamini kwamba iliibwa. Polisi hawana kipimo cha kuchovya moyoni mwa mtu kikatoka na rangi ya "alijua". Watathibitishaje?

Mnunuzi wa sangara hapa Kirumba hamuulizi samaki alivuliwa lini. Anafunua mashavu, anatazama wekundu, anabonyeza ubavu, basi amejua. Mahakama nayo hufanya hivyo: haimuulizi Masanja moyo wake, inafunua mambo aliyoyafanya kabla, wakati na baada ya kununua.

Bei kwanza, kwa sababu ndiyo kila mtu huitaja. Lakini bei peke yake haimfungi mtu. Watu huuza kwa hasara kila siku. Msiba, ada ya shule, mtoto amelazwa Bugando. Bei inaanza kusema pale inapoungana na mengine. Laki sita, usiku, mtu usiyemjua, hakuna risiti, na hukuuliza jina lake la pili. Kila moja linaelezeka. Yakiwa pamoja, yanamwambia hakimu kwamba hukuuliza kwa sababu hukutaka kujibiwa. Mtu anayefumba macho makusudi ili asione hatapokelewa vizuri akija kusema hakuona.

Halafu yapo yaliyofanyika kwenye kitu chenyewe. Namba iliyokwaruzwa kwa tupa. Bamba lililong'olewa na kubaki matundu mawili ya ribiti. Rangi mpya juu ya mashine isiyo na umri wa kupakwa rangi. Nyaya za shaba zilizochomwa moto kuondoa plastiki, nyeusi, zikinuka. Vijana wa Igoma, hapa nawatazama ninyi. Nani anachoma waya wa nyumbani kwake? Fundi umeme anayebadilisha waya wa zamani huuleta na ganda lake, akiulizwa anataja nyumba. Anayeleta gunia la shaba iliyochomwa, nene kama kidole, anajua unajua. Siku kesi ikifika, mpelelezi ataleta mizani yako na daftari lako, na kama daftari lako halina jina la muuzaji wa gunia lile ilhali lina majina ya wauzaji wa chupa na makopo, daftari lenyewe limekuwa shahidi wa Jamhuri.

Kuna pia ujuzi wa mnunuzi. Mama anayenunua simu kibandani kwa ajili ya mwanawe aliyefaulu hatapimwa kwa kipimo cha fundi wa Makoroboi aliyefungua simu maelfu. Sababu ya kuamini hutazamwa kwa mtu wa kazi ile, mahali pale, na anayoyajua. Fundi anajua kwamba simu iliyofungwa kwa nywila, ikiletwa na mtu asiyejua nywila wala hana laini yake, akitaka tu "iflashiwe" haraka, ina hadithi nyuma yake. Ninawapenda mafundi, ni watu wa akili, na akili hiyohiyo ndiyo mwendesha mashtaka atawauliza nayo: wewe ndiye bingwa wa simu mtaa mzima, halafu hili likakupita?

Mengine hujitokeza baada ya kununua. Masanja alifunga mashine kwenye mtumbwi, akavua nayo mchana kweupe hapa mwaloni, mbele ya wote? Au aliifunika turubai, akaipeleka kwa shemeji yake Sengerema, akaanza kuitafutia mteja wa ng'ambo? Huyo wa kwanza ana jambo la kusema. Huyo wa pili, turubai linamsemea. Na zikikutwa stoo mashine nyingine tatu, zote zina wenyewe wanaozililia, upande wa mashtaka unaruhusiwa kuzitaja. Ile sheria ya India ya 1872 ilitoa mfano wa jambo hilihili: kukutwa na vitu vingi vya wizi kwa wakati mmoja kunasaidia kuonyesha kwamba mtu alijua kuhusu kila kimoja. Kupata bahati mbaya mara moja, haya. Mara nne?

Lakini kati ya yote, ninalolipa uzito mimi ni neno la kwanza. Polisi wanafika, wanauliza: hii umepata wapi? Anajibu, ya kwangu, niliinunua dukani. Kesho yake kwenye maelezo ya onyo, yale yanayoandikwa polisi baada ya kuonywa, anasema alipewa na mjomba. Mahakamani anasema aliinunua kwa kijana wa kisiwani. Pengine la tatu ndilo kweli! Mtu amekurupuka tu kwa hofu, kaona mashati ya kaki, ulimi ukateleza. Lakini hakimu ana hadithi tatu mezani, na uongo wa kwanza unauliza swali gumu: kama hukujua ni ya wizi, ulikuwa unaficha nini? Una haki ya kunyamaza na haki ya kumwita wakili au ndugu, na maelezo ya onyo yana muda wake, kwa kawaida ndani ya saa nne tangu uwekwe chini ya ulinzi. Ushauri wangu ni huu, na wenzangu wengine hawakubaliani nami: kama huna la kusema, nyamaza. Kama una jina la muuzaji, namba yake ya simu na mtu aliyeshuhudia, vitaje siku hiyohiyo, visajiliwe kwenye karatasi. Maelezo yanayoibuka mara ya kwanza wakati wa utetezi huitwa ya kubuni, hata yakiwa ya kweli tupu.

Na yakishatolewa, lazima uyathibitishe? Hapana. Hili ningependa mlisikie vizuri kwa sababu hata baadhi ya mahakimu huteleza. Huko Uingereza mwaka 1914, katika kesi ya Schama na Abramovitch, mahakama ilisema mshtakiwa akitoa maelezo ambayo huenda yakawa kweli, anastahili kuachiwa hata kama juri, wale raia wanaoamua kesi huko, hawajashawishika kuwa ni kweli. Na sisi mzigo wa kuthibitisha pasipo kuacha shaka upo kwa Jamhuri kuanzia asubuhi mpaka jioni. Masanja hana haja ya kumleta yule kijana akiwa amefungwa kamba. Inatosha maelezo yake yawe na miguu ya kusimama.

Kuna mlango mmoja tu ambako hali ni ngumu zaidi, kifungu cha 312, kukutwa na mali inayodhaniwa kuwa ya wizi au iliyopatikana isivyo halali. Hapo hakuna haja ya kumleta mwenye mali. Wakionyesha kwamba dhana yao ina msingi, wewe unatakiwa utoe maelezo yanayoiridhisha mahakama ulivyoipata. Ndiyo maana mtu aliyekamatwa alfajiri Nyegezi na begi la simu kumi na saba, hakuna anayezidai, bado anaweza kutiwa hatiani.

Sasa niseme machache juu ya yale yasiyothibitisha kujua, maana nimeanza kuonekana kama nimerudi kazi yangu ya zamani. Jirani kusema "huyu tangu zamani tunamjua" si ushahidi. Uzembe wa kutoomba risiti, peke yake, si ushahidi wa kujua, ni uzembe. Mwizi aliyekamatwa kusema "nilimuuzia Masanja, alijua kila kitu" ni ushahidi, lakini wa mtu mwenye sababu ya kujipunguzia mzigo. Mahakama hutafuta wa kuuunga mkono, na kama ni maungamo ya mshtakiwa mwenzako, sheria inakataza usitiwe hatiani kwa hayo tu. Na saini yako kwenye karatasi ya polisi ya kukamata mali si kukiri kosa. Ni kukiri kwamba kitu hicho kimechukuliwa hapo.

Isomeni hiyo karatasi. Kifungu cha 38 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinamtaka afisa aliyekamata mali atoe stakabadhi yenye saini ya mwenye nyumba na ya mashahidi wa upekuzi. Na upekuzi kwa kawaida ni wa mchana, labda mahakama iruhusu vingine au pawe na dharura inayokubalika kisheria. Je, imeandikwa namba ya mashine, au "mashine moja ya boti" tu? Kama ni hiyo ya pili, kitakachoingia mahakamani miezi minane baadaye kinaweza kuwa mashine yoyote. Zamani, kufuatia Rufaa Na. 110 ya 2007, kesi zilikuwa zikianguka kila karatasi ya makabidhiano, inayoonyesha kitu kilipita mikononi mwa nani, ilipokosekana. Siku hizi mahakama imelegeza kidogo kwa vitu ambavyo havibadiliki wala kubadilishwa kirahisi, ilisema hivyo katika Rufaa Na. 485 ya 2015. Mashine yenye namba ni kitu cha aina hiyo. Mashine isiyo na namba, mjadala unaanza upya.

Mniruhusu nijibu maswali yaliyoandikwa kwenye vikaratasi.

Hili la kwanza linatoka kwa mama: "Nilinunua betri ya sola kwa nia njema. Mwezi mmoja baadaye nimesikia ni ya mtu wa Kayenze. Nina kosa?" Siku uliyonunua hukuwa na kosa. Lakini kumbuka sheria inasema anayepokea au anayebaki nayo. Tangu siku ulipojua, saa yako imeanza kwenda. Nenda kwa mwenyekiti wa mtaa wako, mwende wote kituoni, ikabidhi, uandikishe. Ukiisukuma chini ya kitanda na kuendelea kuwasha taa zako, utakuwa umejitengenezea ushahidi wa kujua ambao haukuwepo.

Kijana wa simu: "Mtu akiacha simu kama rehani ya elfu hamsini, sijanunua, mimi nahusika?" Unahusika. Hakuna mahali sheria imesema lazima ununue. Kupokea ni kupokea, iwe rehani, zawadi, au "nitunzie mpaka kesho". Na usijifariji kwamba ulibonyeza *#06# ukaona namba ya IMEI ipo sawasawa. Namba hiyo inakuambia simu ni ipi. Haikuambii aliyeiacha ni nani. Mwombe kitambulisho cha NIDA, kipige picha, aandike kwa mkono wake, apige simu mbele yako kwa laini iliyosajiliwa kwa jina lake. Anayekasirika kwa kuombwa hivyo, mwache aende nayo.

Mzee wangu wa mitumbwi anauliza kuhusu mashine zinazotoka upande wa Uganda na Kenya. Ziwa ni moja lakini mahakama ni tatu. Kupokea hapa kitu kilichoibwa kule ni kosa hapa, Kanuni ya Adhabu ina kifungu chake kwa hilo. Na ukivuka nacho, Kenya wana kosa lao la kushika mali ya wizi, kifungo chake kinafika miaka 14. Mashine ya ng'ambo idai hati zake za forodha kama unavyodai za gari.

La mwisho, na limeandikwa kwa herufi kubwa: "NIKIIRUDISHA, PESA YANGU NANI ANANIPA?" Swali zuri. Mwenye mali humdai chochote. Mwizi hakuwa na haki ya kukuuzia, kwa hiyo wewe hukupata umiliki hata kama ulilipa senti ya mwisho. Anayedaiwa ni aliyekuuzia. Fungua madai Mahakama ya Mwanzo, na karani wa pale, kabla hajapokea karatasi yako, atakuuliza jina kamili la mdaiwa na anakoishi.